Hariri Inayomeza Sauti: Jinsi ya Kubuni Malighafi ya Ajabu Itokayo kwa Wadudu

Katika hadithi nyingi za ulimwengu wa kufikirika, kitu cha ajabu hutokea tu. Shujaa anakikuta pangoni, mganga anakitoa mkobani, jini anakiacha kizingitini usiku. Hakuna aliyekichuma, hakuna aliyekibeba kichwani siku tatu, hakuna aliyetozwa ushuru njiani. Msomaji anakistaajabia ukurasa mmoja, na ukurasa wa pili ameshakisahau.

Mwongozo huu ni wa mwandishi anayetaka kitu chake kikumbukwe, awe anaandika hadithi fupi, riwaya, katuni au mchezo wa kompyuta. Nimechagua malighafi itokayo kwa wadudu kwa sababu historia yao ya kweli imejaa mambo ambayo mtu asiyeyajua angeapa kuwa ni ya kutunga. Mavazi ya wafalme yalitoka mdomoni mwa kiwavi. Nyekundu iliyotukuzwa na matajiri wa Ulaya ilitoka kwa mdudu aliyekaushwa na kusagwa. Santuri za zamani, kabla ya plastiki kushika soko, zilitengenezwa kwa utomvu wa wadudu wa India. Ukielewa mambo hayo yalivyofanyika, uchawi utakaouongeza juu yake utapata pa kukanyaga.

Nitajenga mfano mmoja tangu mwanzo hadi mwisho. Chukua daftari ujenge wako sambamba na wangu.

Hatua ya 1: Anza na shida ya mdudu

Mwandishi mara nyingi huanza na matumizi ya binadamu: "Nataka unga unaoponya," kisha anatafuta mdudu wa kuutoa. Geuza mpango huo. Mdudu hatengenezi kitu chochote kwa ajili yetu. Anakitengeneza kwa sababu kuna kinachotaka kumla, kumkausha au kumnyima mwenzi.

Tazama kochinili, mdudu mdogo anayekaa juu ya mpungate huko Meksiko na Peru. Nyekundu yake ni asidi inayowafukuza sisimizi na walaji wengine. Kwake ni ngao; sisi ndio tulioifanya rangi. Mdudu wa laki, yule aliyetupa santuri, hutoa utomvu unaomfunika kama paa juu ya tawi analofyonza. Nyuki hutoa nta kwenye tezi zilizo chini ya tumbo ili apate pa kuweka asali na watoto. Kimulimuli anawaka kumwita mwenzake.

Kwa hiyo swali la kwanza kwenye daftari lako liwe hili: mdudu wangu anaogopa nini?

Wangu anaogopa popo. Nondo wa kweli wamepigana na popo kwa mamilioni ya miaka, na watafiti wa Chuo Kikuu cha Bristol wameonyesha kuwa vigamba na manyoya ya baadhi yao hunyonya sauti ambayo popo huitumia kuwinda, hivyo mwangwi unaorudi ni hafifu. Mimi nasukuma mbele hatua moja tu. Kiwavi wangu, nimwite kinyamavu, anaishi kwenye nyanda za juu za Kirindi, mahali ambapo popo wa mapangoni husikia hata pupa, yaani kiwavi anayegeuka kuwa nondo, akijinyonganyonga ndani ya nyumba yake. Anajikinga kwa kusokota kifukofuko kinachomeza sauti. Kinaimeza kabisa na kuihifadhi ndani ya uzi.

Uchawi wote wa hadithi yangu ndio huo. Sitaongeza mwingine. Yatakayofuata yote yatatoka hapo.

Hatua ya 2: Mfunge mahali pamoja

Malighafi ikipatikana kila mahali haina hadithi. Njia iliyo rahisi na ya kweli zaidi ya kuifanya adimu ni chakula. Kiwavi wa hariri ya kawaida anategemea majani ya mforosadi, na popote hariri ilipohamia, mforosadi ulipaswa kutangulia. Panda miti kwanza, subiri ikue, ndipo ulete mayai.

Wapo pia wadudu wanaohitaji mahali pawili. Kule Sichuan nchini Uchina kulikuwa na biashara ya nta nyeupe inayotokana na mdudu gamba. Mayai yalipatikana vizuri katika bonde la Jianchang, lakini nta ilitengenezwa vizuri katika nchi ya Jiading, ng'ambo ya milima. Kila mwaka wapagazi kwa maelfu walivuka milima hiyo na mayai mgongoni, na walitembea usiku, kwa sababu joto la mchana lingeyaangua njiani na mzigo wote ungepotea. Soma tena sentensi hiyo ukiwa mwandishi. Mbio za usiku, mzigo ulio hai, adui ni jua. Hadithi imeshajiandika nusu.

Kinyamavu wangu anakula majani ya mti mmoja tu, mtuvu, na mtuvu unaota kwenye midomo ya mapango pekee kwa sababu unahitaji samadi ya popo. Hapo nimepata fundo ninalolipenda: mdudu hawezi kumkimbia adui yake, maana adui ndiye anayelisha mti unaomlisha yeye. Mtu akiwaua popo ili wavunaji wawe salama, mituvu itanyauka ndani ya miaka michache. Na hata kabla haijanyauka, viwavi visivyosikia popo vitasokota uzi mwembamba usiomeza hata mluzi. Hatari ndiyo inayotengeneza bidhaa. Ukiweza kuweka fundo la namna hii katika ulimwengu wako, uzushi mwingine mwingi hutauhitaji.

Hatua ya 3: Amua kama mdudu anakufa

Usiikwepe hatua hii. Inaamua aina ya watu utakaokuwa nao.

Kifukofuko cha Bombyx mori, yule kiwavi wa hariri ya kawaida, kina uzi mmoja usiokatika, wa mita 300 hadi 900 na pengine zaidi. Nondo akiachwa atoke, anatoboa na kuharibu mpangilio huo wa uzi, ndiyo maana vifukofuko hupitishwa kwenye mvuke au maji ya moto pupa akiwa bado ndani. Vile vilivyotobolewa havitupwi, ila uzi wake husokotwa kama pamba, na kitambaa chake ni kingine kabisa.

Kuna njia nyingine. Huko Mwingi, Kenya, wanakijiji walioshirikiana na kituo cha utafiti wa wadudu cha Icipe wamevuna hariri ya porini ya Gonometa, nondo anayekula majani ya migunga. Huokota vifukofuko baada ya nondo kutoka. Hata hivyo kazi si ya raha, kwa sababu vifukofuko hivyo vina vinyweleo vinavyowasha ngozi. Na mwaka 2012, jumba la makumbusho la Victoria and Albert huko London lilionyesha joho la rangi ya dhahabu lililofumwa Madagaska kwa hariri ya buibui zaidi ya milioni moja. Buibui si mdudu kwa hesabu ya wanasayansi, lakini mfano unatufaa: walikamatwa asubuhi, wakakamuliwa uzi, kisha wakarudishwa porini wakiwa hai.

Kwa kinyamavu nachagua njia ngumu. Uzi usiokatika unashika sauti miaka mingi. Uzi wa kifukofuko kilichotobolewa unavuja. Basi pana daraja mbili sokoni. Shashi kimya, ya matajiri, inahitaji pupa afe. Makapi, ya maskini, hushika maneno usiku mmoja hivi, kisha huyadondosha taratibu yakiwa vipandevipande. Tayari nina wavunaji wanaobishana kilabuni: kila kifukofuko cha shashi ni nondo mmoja ambaye hatataga mwakani. Nina pia mwanamke anayevaa makapi kwa sababu ndiyo anayoyamudu, na asubuhi jirani anasikia nusu ya alichosema jana.

Hatua ya 4: Andika uvunaji saa kwa saa

Hapa ndipo ninapokuomba utumie muda wako mwingi kuliko penginepo. Andika uvunaji kana kwamba unamfundisha kijana atakayeenda kesho. Kama hujui mkono wa kushoto unashika nini, bado hujamaliza.

Jifunze kwa warinaji wa kweli. Katika miombo ya Tabora na Katavi, mrina asali anapanda mti na mwenge wa moshi. Moshi unaficha harufu ya hatari ambayo nyuki wanaopewa bughudha huitoa kuitana, na unawafanya washibe asali haraka kana kwamba wanajiandaa kuhama. Nyuki aliyeshiba si mwepesi wa kuuma. Ona jinsi kifaa kimoja, moshi, kinavyobeba maarifa ya tabia ya mdudu. Uvunaji wako nao uwe na kifaa cha namna hiyo.

Wavunaji pia huwa na washirika. Wahadzabe wa karibu na Ziwa Eyasi hufuatana na ndege mlembe, ambaye huita, huruka mbele, na kuwafikisha kwenye nyuki. Wao wakipasua mzinga, yeye anapata nta na mabuu. Utafiti uliofanywa kwa Waborana wa Kenya na kuchapishwa mwaka 1989 ulionyesha kuwa mtu akitafuta peke yake katika eneo asilolizoea alitumia wastani wa saa 8.9 kupata kiota cha nyuki, na akiongozwa na ndege saa 3.2. Ndege mwitu na binadamu wanaitana na kuelewana, na hakuna uchawi hata chembe. Ulimwengu wako wa kubuni usiwe na maajabu machache kuliko nyika ya Mbulu.

Na kuna taa za Bukoba na Masaka wakati wa senene: taa kali, mabati yaliyosimamishwa, mapipa chini. Senene wanafuata mwanga, wanagonga bati, wanateleza. Kumbikumbi nao, magharibi mwa Kenya na Uganda, watu huwapigia ngoma juu ya kichuguu ili watoke wakidhani mvua imenyesha. Mwanga, mtetemo, moshi, mluzi. Chagua mlango wa hisia ambao mdudu wako anaingilika.

Sasa uvunaji wa kinyamavu, kama mvunaji mkongwe wa Kirindi angempa maelekezo mwanafunzi wake:

"Ondoka kijijini popo wakishatoka kuwinda, urudi kabla hawajarejea. Usile kitu kikavu, tumbo likinguruma litasikika. Vua bangili, vua njuga, funga funguo kwenye kitambaa. Ukifika mdomoni mwa pango, gusa shina la mtuvu kwa kiganja ungoje pumzi zako zitulie. Kifukofuko kilichoiva utakijua bila taa: sogeza sikio, ukiacha kusikia hata damu yako mwenyewe, hicho kimeiva. Kishike kwa mkono wa kushoto, kata kikonyo kwa kisu cha mfupa, maana chuma kinalia. Weka kwenye kikapu chenye manyoya ya kuku. Usiseme. Ukisema neno lolote, hata jina la Mungu, litaingia kwenye uzi na halitatoka mpaka siku ya moto."

Unaona jinsi kila amri inavyotoka kwenye hatua ya kwanza. Kisu ni cha mfupa kwa sababu uzi unameza sauti. Manyoya yamo kikapuni kwa sababu hiyohiyo. Sikuongeza pambo. Na nimepata kosa la kazi, lile linalomtambulisha mgeni: kifukofuko kilichochumwa na mtu aliyenong'ona huitwa kichafu, na bei yake huanguka.

Hatua ya 5: Sindika, na kubali hasara

Kati ya mdudu na bidhaa kuna jiko. Wachache hulitembelea jiko hilo, na ndiko kwenye joto, harufu na watu ambao majina yao hayaandikwi.

Kwa shashi kimya, uzi unalegezwa kwa maji ya moto kama hariri yoyote. Lakini maji ya moto ndiyo yanayofungua sauti. Hebu fikiria: msimu mzima wa msitu umefungwa kwenye vifukofuko elfu moja. Mvua, radi, popo, fisi, mti ulioanguka, mchungaji aliyepita akiimba. Sufuria ikichemka, vyote vinatoka pamoja. Nyumba ya wachemshaji wa Kirindi imejengwa mbali na kijiji, wachemshaji huziba masikio kwa nta ya nyuki, na wanazungumza kwa vidole hata wakiwa nyumbani kwao. Wengi wao wanazeeka viziwi. Sikuipanga hali hiyo nilipoanza. Imekuja yenyewe nilipojiuliza maji yanafanya nini.

Kisha piga hesabu, kwa sababu hesabu ndiyo inayoonyesha thamani bila mwandishi kusema "ghali sana." Katika ulimwengu wetu, kilo moja ya kochinili iliyokauka ni wadudu kama 150,000, kila mmoja amebanduliwa kwa mkono. Nyuki hutumia kilo kadhaa za asali kutoa kilo moja ya nta. Wengi hutaja kilo 6 hadi 8. Mimi nimeweka hivi: kifukofuko kimoja hutoa pima 20 za uzi safi (pima moja ni upana wa mikono miwili iliyonyooshwa). Shela moja ya kufunika kichwa na mdomo inataka pima 24,000, yaani vifukofuko 1,200. Mvunaji hodari huleta 40 kwa usiku. Msimu una usiku 15 tu. Kwa hiyo shela moja ni kazi ya wavunaji wawili msimu mzima, na hapo sijahesabu vilivyooza wala vichafu.

Tumia vipimo vyenye ladha ya mahali. Kibaba, pishi yenye vibaba vinne, frasila ya takriban kilo 16, jora la kitambaa, korija ya vitu ishirini: pwani yetu ilipima karafuu, nguo na meno ya tembo kwa maneno hayo, na yanakaa mdomoni mwa mfanyabiashara wa kubuni vizuri kuliko "vipande 500."

Hatua ya 6: Wekea uchawi mipaka

Andika sentensi tatu au nne, si zaidi, kisha usizivunje. Zangu ni hizi.

Shashi humeza sauti iliyo karibu nayo kwa pima moja, haimezi iliyo mbali. Ina shibe: ikijaa inakuwa kitambaa cha kawaida mpaka ioshwe. Maji ya baridi huifungua polepole, ya moto huifungua mara moja. Haichagui, humeza siri na kikohozi vilevile.

Mpaka wa tatu ndio ninaoutegemea. Mvua ya Kirindi ni ya baridi. Hakimu aliyevaa shashi mwaka mzima akinong'ona na watoa rushwa ananyeshewa uwanjani mbele ya watu. Huhitaji mpelelezi wala ndoto.

Jihadhari na tamaa ya kuongeza. Utashawishika kuifanya shashi iponye homa, au imfanye mtu asionekane. Kila nguvu mpya inapunguza ile ya kwanza, na msomaji anaanza kungoja uitoe mfukoni nyingine utakapobanwa. Shika moja uizamie.

Hatua ya 7: Fuata bei mpaka bandarini

Malighafi adimu huvuta mambo manne: ukiritimba, magendo, ughushi na deni. Historia imeacha mifano ya yote.

Uhispania ililinda kochinili ya Meksiko kwa karne nyingi, na wanunuzi wa Ulaya walibishana muda mrefu kama zile punje nyekundu ni mbegu au ni mdudu. Wale walioivaa hawakujua wamevaa nini. Mwaka 1777 Mfaransa Thierry de Menonville alisafiri mpaka Oaxaca kwa hila, akatoka na mipungate yenye wadudu hai, akaifikisha Saint-Domingue, Haiti ya leo. Hariri nayo: Procopius, mwanahistoria wa zama hizo, anasimulia kwamba wakati wa Mfalme Justinian, yapata mwaka 552, watawa walileta mayai ya viwavi mpaka Constantinople, na Dola ya Bizanti ikaanza kufuga yenyewe. Angalia kilichoibwa katika visa vyote viwili. Hawakuiba kitambaa wala rangi, waliiba uhai wenye uwezo wa kuzaliana. Mwizi katika hadithi yako naye aibe mayai. Kisha rudi Hatua ya 2 umuulize: atawalisha nini? Mwizi wa vinyamavu atahitaji mtuvu, na mtuvu utahitaji popo, na popo watahitaji pango. Atakuwa ameiba mlima.

Ughushi unastahili ukurasa wake. Nta ya nyuki imechanganywa na mafuta ya wanyama na vitu vingine vya bei rahisi tangu zamani, na wanunuzi wakabuni njia za kupima. Katika bandari ya Mtondoo, ambako shashi hupakiwa, walanguzi hufuma hariri ya kawaida katikati ya jora na shashi halisi pembeni. Dalali mwenye uzoefu hubeba njuga ndogo. Anaifunga kwenye pindo, anaitikisa. Kisha anaifunga katikati, anaitikisa tena. Njuga ikilia katikati, jora linarudishwa na jina la muuzaji linatangazwa sokoni. Kitendo kidogo kama hiki kinafundisha msomaji bidhaa, uchawi na tabia ya soko kwa mistari mitatu.

Deni ni rahisi kulisahau. Mvunaji anakopeshwa chakula miezi ya njaa na kulipa kwa vifukofuko ambavyo havijasokotwa bado. Weka nani anamkopesha nani, na riba ni nini, ndipo utakapojua kwa nini mtu anarudi pangoni usiku wa kumi na sita, msimu umeshafungwa.

Hatua ya 8: Andaa siku soko litakapoanguka

Hii naipitia kwa haraka, lakini usiiache. Katikati ya karne ya 19 ugonjwa wa viwavi ulivunja ufugaji wa hariri Ufaransa, na Louis Pasteur aliitwa kuuchunguza kuanzia mwaka 1865. Miongo hiyohiyo rangi za viwandani zilianza kuipokonya kochinili wateja, na wakulima wa Visiwa vya Kanari waliokuwa wamejaza mashamba yao mipungate walibaki nayo. Chagua moja: ugonjwa, mbadala, au mti kuisha. Hata kama hadithi yako inaishia kabla ya anguko, wahusika wazee walikumbuke la zamani na wawe na hofu ya lijalo.

Hatua ya 9: Iingize kwa mikono ya watu

Sasa una kurasa kadhaa za maelezo. Usizimwage. Msomaji hakuja kusoma ripoti ya idara ya misitu.

Chagua watu watatu walio mbalimbali kwenye mnyororo ule, kila mmoja akijua kipande chake tu. Mimi ningemchukua binti wa mchemshaji, anayezungumza kwa vidole na baba yake. Dalali wa Mtondoo, ambaye hajawahi kuona mtuvu. Na mjane wa mjini mwenye shela aliyoachiwa na mumewe, ambayo anaogopa kuifua kwa sababu anajua sauti yake imo ndani. Kila mmoja aiite bidhaa kwa jina lake la kazi. Binti atasema vifuko. Dalali atasema jora. Mjane atasema shela ya Bakari.

Ukiandika onyesho la kwanza, lianzie kazini, jambo likiwa limeharibika kidogo. Kijana mgeni amepiga chafya mdomoni mwa pango. Kikapu kina vifukofuko 30, vyote vimeimeza chafya hiyo, na alfajiri mnunuzi atavipima kimoja kimoja. Usieleze shashi ni nini. Acha mwenzake amkazie macho, amwonyeshe kwa vidole atenganishe vilivyokuwa juu na vilivyokuwa chini. Mtu akisoma ukurasa huo bila kujua lolote na akaanza kupumua taratibu zaidi, endelea na ukurasa wa pili. Asipofanya hivyo, rudi Hatua ya 4 uandike uvunaji upya, safari hii ukianza na mikono.